Lugha ya Bibi Nakiru Ilivyomfikia Jaji

Ninyi mnaokaa sasa kwenye benchi la wakalimani, pale nje ya masjala, mliniambia siku ya kuniaga kwamba mngependa niandike jinsi tulivyofanya kazi zamani. Mlinipa keki, mkanipa saa ya ukutani, kisha mkanipa na kazi. Haya. Nina muda, na magoti yangu hayanipeleki mbali zaidi ya soko la Bukoto. Habari za vyeo msizitegemee humu, kwa sababu mkalimani hana pa kupanda. Anaanza amesimama na anamaliza amesimama.

Mimi ni Mkenya kwa asili, Mbukusu. Baba aliletwa Kampala na kazi ya reli, nasi tukakulia Namuwongo, karibu na njia ya treni kiasi kwamba mama alikuwa akikatiza sala mpaka behewa la mwisho lipite, kisha anaendelea pale alipoachia. Nyumbani tulisema Kibukusu, kanisani Kiswahili, uwanjani Kiganda, shuleni Kiingereza. Hakuna aliyetuambia kwamba huo ni utajiri. Tulijiona tu familia yenye makelele.

Niliingia mahakamani muda si mrefu baada ya vita vya themanini na sita. Majengo yalikuwa yamefunguliwa upya, madirisha mengine hayana vioo, na watu wamejaa ukumbini wakitaka kueleza yaliyowapata. Lugha ya mahakama ilikuwa Kiingereza, na wengi wa wale watu hawakuwa nacho. Wenye bunduki na wenye pingu walisema Kiswahili, na kwa sababu hiyo wenyeji wengi wa mji huu hawakutaka hata kukisikia. Nilipomwambia jirani yangu Nalongo, mama wa mapacha, kwamba nimeajiriwa kwa ajili ya Kiswahili changu, aliniuliza kama nimeingia jeshini. Kwa wiki nzima akawa ananisalimu kwa mbali.

Aliyenifundisha kazi ni marehemu Mzee Opio, mtu wa kabila la Lango, kule kaskazini, aliyekuwa polisi miaka mingi kabla ya kuwa mkalimani. Alikuwa na koti moja, kitambaa kimoja cha kufutia jasho na lugha ambazo sikuwahi kumaliza kuzihesabu. Shahidi wangu wa kwanza alikuwa muuza mkaa aliyeporwa baiskeli. Akasema kwa Kiganda, nami nikamgeukia hakimu nikasema kwa Kiingereza, "Anasema kwamba aliporwa baiskeli." Mzee Opio, aliyekaa nyuma yangu, akanigusa kiwiko.

"Nani anasema?" akaninong'oneza. "Mama, wewe hapana sema 'anasema'. Sema 'mimi'. Baiskeli yangu. Mimi naporwa."

Wakati wa chai alinieleza sababu. Ukisema "anasema", hakimu anakutazama wewe, kwa kuwa wewe ndiwe mwenye habari. Ukisema "mimi", macho yake yanakuacha na kumfuata mwenye maneno. Kwa hiyo pia usisimame kati ya hakimu na shahidi; simama pembeni, kidogo nyuma, waonane. Kunywa maji, si chai, maana chai inakukausha koo halafu inakuomba ruhusa ya kutoka. Na matusi yatafsiriwe kama yalivyo. Hilo la mwisho nililiona dogo mpaka siku mshtakiwa mmoja alipomwita hakimu mpumbavu. Nilisimama na viatu vyangu vilivyosafishwa, nikamtazama hakimu, nikasema kwa Kiingereza kizuri kabisa, "Wewe ni mpumbavu." Hakimu alikohoa, akaandika, akaniambia niendelee.

Msifikiri kusema "mimi" ni jambo jepesi. Mwaka wangu wa kwanza, kijana mmoja alikiri kwamba alimuua kaka yake kwa panga, nami nikasema, kwa sauti ya kusikika chumba kizima, nilimpiga, akaanguka, nikampiga tena. Jioni ile nilirudi Namuwongo nikashindwa kushika kisu cha kukatia vitunguu. Mzee Opio alipoona siku ya pili sura yangu, hakunipa pole. Aliniambia kwamba maneno yale hayakuwa yangu, yalipita tu, na mtu anayeacha njia wazi hana hatia ya wapitaji. Nilimchukia kwa muda, kisha nikaelewa kwamba alikuwa ameniokoa.

Kwa miaka mingi kilichonisumbua zaidi hakikuwa chumba cha mahakama. Kilikuwa pale kituo cha polisi, mahali mambo yanapoanzia. Sheria inasema mtu asikilizwe kwa lugha anayoielewa, na hiyo ni sheria nzuri, lakini kuna mtu anayeamua ni lugha gani hiyo, na mara nyingi mtu huyo ana haraka. Ukitoka ng'ambo ya daraja la Karuma, basi umeandikiwa Kiswahili. Polisi walifikiri kila mtu wa kaskazini alilelewa katika kambi ya jeshi, na kila mtoto wa kambini anakijua. Nilikutana na wazee waliofika mbele yetu wakiwa wameandikiwa Kiswahili ambacho hawakujua hata kukitumia kuomba maji.

Baadaye serikali ikaanza kuzungumza kwa dhati habari za sera ya lugha. Tukaitwa kwenye ukumbi mmoja Bukoto, sisi wakalimani pamoja na walimu wa chuo, wachungaji na maofisa wa polisi, tutafute maneno ya kisheria katika lugha za nchi. Nilikwenda kwa ajili ya chakula cha mchana, nisiwadanganye. Lakini tulipofika kwenye neno "mshtakiwa", kazi ikasimama. Ilikuwa lazima kila meza ipate jinsi ya kumtaja mtu huyo bila kumwita mkosaji kabla hajahukumiwa. Meza moja ikatoa "anayengojewa aseme". Meza nyingine, "yule ambaye neno liko juu yake". Mwalimu mmoja wa chuo aliweka kalamu chini akasema alidhani haki ya mshtakiwa ililetwa na Waingereza, kumbe kila meza ilikuwa nayo tayari, ilikuwa inatafuta tu mahali pa kuiweka. Nilikaa nimeshika kikombe mpaka chai ikapoa. Sikuwa nimejua kwamba nchi inaweza kukaa katika ukumbi mmoja na kujiuliza inamwitaje mtu ambaye bado hajasikilizwa.

Katiba ikarekebishwa, Kiswahili kikawa lugha rasmi ya pili. Nalongo yuleyule akamleta mjukuu wake kwangu afundishwe, kwa sababu anataka kuuza nguo mpaka Juba. Mimi nikamwuliza kama mtoto anaingia jeshini. Alicheka mpaka akakaa.

Sasa niwaambie kesi ya Bibi Nakiru, iliyokuja mwaka wangu wa mwisho.

Bibi huyu alitoka milimani, kule mpakani kaskazini-mashariki, kwa watu wachache ambao lugha yao haisikiki hata huko Karamoja kwenyewe. Alimfuata binti yake Kampala. Binti akaugua, akafariki, akamwachia mtoto wa kike mdogo. Bibi akakaa Namuwongo akichambua maharagwe yaliyomwagika magunia yakipakuliwa, anauza yaliyo mazima na kupika yaliyovunjika. Kisha naye akaugua, akalazwa hospitali muda mrefu, na mtoto akapelekwa kwenye kituo kimoja cha kulelea watoto. Alipotoka hospitali alikuta kituo kimewapata mume na mke wa ng'ambo walio tayari kumchukua mtoto awe wao. Kilichobaki ni idhini ya mahakama. Kituo kilisema bibi amekubali. Jaji akiamini hivyo, mtoto anapanda ndege na bibi hamwoni tena.

Mfanyakazi wa kituo aliyezungumza na bibi alikuwa Mercy, dada wa kwetu Bungoma, tuliyekuwa tukikutana naye kanisani. Hakuwa mtu mbaya. Nalisema hilo mapema kwa sababu watu hupenda kesi iwe na shetani, na hii haikuwa naye. Mercy alisimama akaapa, akasema, "Nilimweleza kwa Kiswahili, polepole. Kila nililosema aliitikia. Hakupinga hata neno moja."

Akaitwa bibi. Kwenye faili aliandikiwa Kiswahili, kwa hiyo akawa wangu. Alikuwa mfupi, amejifunga shuka, amesimama wima akishika ukingo wa kizimba cha mashahidi. Nilimwamkia, akaitikia, "Mmm." Nilimwuliza jina lake kwa Kiswahili. "Mmm." Nikauliza kwa Kiganda. "Mmm," kwa upole uleule, na akainamisha kichwa kidogo. Hapo nikashtuka. Ninyi mnajua jinsi Waganda wanavyosalimiana, huyu anauliza, yule anaguna, wanagunishana mpaka habari za nyumbani ziishe zote. Bibi alikuwa ameishi kati yao bila kuwaelewa, na adabu hiyo ndiyo kitu pekee alichojifunza. Mtu akisema nawe kwa upole, unamgunia mpaka amalize.

Nikamgeukia Jaji, mama wa makamo kutoka magharibi ya nchi, mtu wa maneno machache. Nikasema, "Mheshimiwa, sina lugha ya shahidi huyu." Sentensi hiyo ni nzito kuisema mbele ya chumba kilichojaa, lakini isemeni pale inapobidi. Jaji akaahirisha kesi na kuniagiza nimtafute mwenye lugha.

Nilitafuta sokoni, nikatafuta kwa wanawake wa Karamoja wanaokaa kando ya barabara, wakasema huyo si wetu. Mwishowe nikaenda kambi ya jeshi ya Makindye kwa mjane wa Mzee Opio, anayeishi na mwanawe mwanajeshi. Yeye ndiye aliyemkumbuka Koplo Lochoro, ambaye baba yake ni Mkaramoja na mama yake alitoka milimani kulekule.

Koplo alinisikiliza amesimama wima kama yuko gwarideni.

"Lugha ya mama yangu?" akauliza. "Madam, hiyo hapana lugha ya kazi."

"Ni kazi sasa," nikamwambia. "Unaikumbuka?"

Akatazama viatu vyake. "Tangu mama nakufa, hapana mtu ya kusema naye. Lakini iko. Hiyo kitu haiwezi toka."

Kiingereza hakuwa nacho. Kwa hiyo tukapanga maneno yatoke kwa bibi kwenda kwa koplo, koplo aniletee kwa Kiswahili cha kambini, nami nimpe Jaji kwa Kiingereza. Na maswali yarudi kwa njia hiyohiyo. Nilikuwa nimeona mnyororo wa namna hiyo mara chache tu, na kila mara kitu kilipotea katikati. Nilimwomba mkuu wake ruhusa, nikamfundisha koplo chini ya ngazi za mahakama.

"Mama anasema, afande," akaanza, kama anayetoa ripoti.

"Usiseme 'anasema'. Sema 'mimi'."

Alikunja uso. "Mimi ni askari. Nitasemaje mimi ni bibi kizee?"

"Kwa muda mfupi tu, Koplo. Sare yako hawatakunyang'anya."

Hakucheka. Tulirudia na kurudia, mimi nikiwa shahidi, mpaka nikamwuliza jambo alilokuwa akiambiwa na mama yake asubuhi. Alisema kwa lugha ile, kisha akanipa kwa Kiswahili, "Amka, mimi nimeshawasha moto." Akajisikia mwenyewe amesema nini. Baada ya hapo hakukosea tena.

Siku ya kesi wakili wa kituo alisimama kabla hata koplo hajaapishwa. Akasema hakuna haja ya askari huyu, bibi anasikia Kiswahili, na kila ahirisho linamchelewesha mtoto. Hakuwa mkali. Alikuwa na watu ng'ambo waliokwisha kutandika kitanda.

"Vizuri," Jaji akasema. "Basi shahidi wako amweleze tena hapa, kwa maneno yaleyale."

Mercy akasimama mbele ya bibi akaeleza kwa Kiswahili safi, kwa moyo wake wote. Bibi, mtoto atasafiri kwenda mbali. Mmm. Atakuwa na baba na mama wapya. Mmm. Hutakuwa na haki juu yake tena. Mmm. Bibi alikuwa akimtazama usoni kama unavyomtazama mgeni aliyekuja kukuona ukiwa mgonjwa.

Jaji akanigeukia. "Sasa wewe mwambie, kwa sauti hiyohiyo, kwamba paa la chumba hiki linaungua na atoke nje."

Nikamsogelea. "Bibi," nikasema polepole, "paa letu linaungua moto. Tafadhali toka nje."

"Mmm," akasema, akanitabasamia.

Hakuna aliyecheka. Mercy alikaa chini, akafunika mdomo kwa mkono, na nikaona machozi yamemlenga. Karani wetu, Mganda mcheshi ambaye huwa hakosi neno, alikuwa ameshika mhuri hewani amesahau kuushusha.

Koplo akaapishwa. Jaji akamwomba amwulize bibi jina lake na uhusiano wake na mtoto. Nikampa koplo kwa Kiswahili, naye akafungua mdomo akasema lugha ile.

Natamani mngemwona bibi. Aliuachia ukingo wa kizimba. Alimtazama koplo kuanzia kofia aliyoishika mpaka miguuni, akamwuliza jambo, na koplo akaigeuza kofia mikononi.

"Koplo?" nikamwita.

"Madam," akasema kwa taabu, "wewe ni mtoto ya nani?"

Nilielewa kwamba ameshika alivyofundishwa, kwa hiyo nami nikamgeukia Jaji, nikasema kwa Kiingereza, "Wewe ni mtoto wa nani?"

Jaji alitutazama wote watatu. Alikuwa na haki ya kusema kwamba mahakama ndiyo inayouliza maswali. "Amjibu," akasema.

Koplo akamtaja mama yake, na kijiji, na mlima. Bibi akaguna, lakini kwa sauti nyingine kabisa, ya mtu anayesikia. Kisha akaanza kusema, bila kuharakisha, akingoja kila kipande kifike.

"Mimi ni Nakiru," koplo akasema kwa Kiswahili chake, na sauti yake ya gwaride ilikuwa imekwisha. "Mimi nazaa mama ya huyu mtoto. Nafuata yeye kwa hii mji, nakuta anakufa kwa mkono yangu. Watu ya hapa nasema na mimi kila siku, na mimi naitika, wasione mimi hapana adabu. Ile watu ya mtoto nasema polepole, roho yao mzuri. Mimi naitika ile roho mzuri. Maneno hapana jua. Mtoto mimi hapana toa kwa mtu. Mimi nangoja nipone, nichukue yeye."

Nikasema yote hayo kwa Kiingereza. Nikasema mimi ndiye niliyemzaa mama wa mtoto huyu. Nikasema mtoto sikumtoa kwa mtu. Niliushika ukingo ule aliouachia bibi, na sioni haya kuwaambia, mimi niliyekwisha kuwa mwizi, mjane na muuaji mahali palepale kwa miaka yote ile. Bibi wa milimani, koplo wa Makindye na mtoto wa reli, sisi watatu tulikuwa tumesema "mimi" mmoja baada ya mwingine, na Jaji hakumtazama koplo, wala hakunitazama mimi. Alikuwa akimtazama bibi, na bibi alikuwa akimtazama yeye. Nilifikiri juu ya ukumbi wa Bukoto na sera zote tulizojadili kule, na nikaona kwamba zote zilikuwa zikitafuta kitu hiki.

Jaji alitoa uamuzi siku ileile. Ombi likakataliwa. Mtoto arudi kwa bibi yake, na kituo kisaidie mpaka bibi apate nguvu. Aliusoma sentensi moja moja ili tuupeleke, na kila sentensi bibi alimwomba koplo airudie. Mercy ndiye aliyekwenda kumleta mtoto kutoka ukumbini.

Mtoto akaingia na gauni la njano na soksi nyeupe. Bibi akamwita kwa lugha yao, maneno mengi, mikono mbele. Mtoto akasimama. Akatazama sakafu. Alikuwa amekaa kituoni muda mrefu mno, kati ya watoto wa Kiganda, na lugha ya bibi yake ilikuwa imemtoka. Bibi akasema tena, sauti ikapungua. Nilimwona akielewa.

Jaji alikuwa amekwisha kufunga faili, lakini hakuwa ameinuka. Alitutazama, mimi na koplo.

"Endeleeni," akasema.

Bibi akasema. Koplo akanigeukia, macho yake mekundu. "Mimi ndiyo nabeba wewe kwa mgongo. Sasa wewe nakuwa mzito. Kuja nione."

Nilipiga magoti, haya haya mabovu, nikamwambia mtoto kwa Kiganda, "Mimi ndiye niliyekuwa nikikubeba mgongoni. Sasa umekuwa mzito. Njoo nikuone."

Mtoto alinitazama mimi, akamtazama koplo, kisha akatupita sote wawili akaenda kwa bibi yake.